Kuba la Forodha Lililoanguka Maji Mafu: Uchambuzi wa Kisa

Kuba la forodha liliporomoka alfajiri, siku ya nane tangu mwezi uandame, bahari imetulia kama maji ya mtungini. Upepo haukuwapo, mvua haikuwapo. Maji yalikuwa yamekwisha kupwa na yameanza kurudi, yamelowesha ngazi ya chini kabisa ya gati. Wapagazi waliolala barazani walihisi kwanza chokaa ikiwadondokea usoni, wakakimbia, kishindo kikawafuata. Ukumbi hufungwa usiku, kwa hiyo hakuna aliyeumia. Marobota 30 ya nguo yalizikwa chini ya kifusi.

Mji ulishangaa kwa sababu walizoea kuhofia bamvua, maji makubwa yajayo mwezi ukiandama na ukiwa mpevu. Bamvua linapopiga, kuta za forodha hulia, milango hukaza, na wenye duka jirani husogeza vyombo vyao. Kuba lilivuka mabamvua yote ya masika bila kutikisika, kisha likaanguka maji mafu, wakati bahari haina nguvu hata ya kusogeza ngalawa. Wengi walisema ni hasadi. Sababu ilikuwa mafuta ya papa.

Visiwa vya kisa hiki havimo kwenye ramani yoyote. Ni dunia ya kubuni, na uganga wake ni mmoja tu: tumbawe halisahau bahari. Mengine yote, kuanzia tanuri na mwiko hadi timazi na boriti, ni yaleyale ya pwani yetu, na uganga wenyewe umewekewa hesabu. Kwa hiyo kosa likitokea hutafutwa kama linavyotafutwa kosa la fundi yeyote.

Chokaa kiziwi na chokaa sikivu

Uchomaji hauna siri. Magogo hupangwa duara, tabaka juu ya tabaka, tundu likiachwa katikati la kutilia moto, na matumbawe hulundikwa juu. Moto ukifika nyuzi 900 hivi za Selsiasi, jiwe huachia hewa yake ya ukaa na kubaki jepesi: kilo 100 za tumbawe safi hutoa kilo 56 za chokaa hai. Hilo ni kweli huku kama lilivyo kweli huko. Njia zinaachana kwenye maji ya kuizimia.

Chokaa kiziwi huzimwa kwa maji ya mvua, kisha hulazwa shimoni chini ya maji baridi kwa miezi 6. Kila bamvua, yaani mara mbili kwa mwezi, mafundi huigeuza kwa mabeleshi usiku kucha isije ikatulia ikasikiliza. Kazi hiyo huitwa kuachisha, kama mtoto anavyoachishwa ziwa, na mwanzoni ina kelele vilevile: kila maji yajaapo shimo hutoa povu bila moto. Bamvua la 12 likipita bila povu, chokaa imesahau. Hiyo ndiyo ya misingi, kuta za nyumba za kawaida, mabirika na makaburi.

Chokaa sikivu huzimwa kwa maji ya bahari, yaliyochotwa yakiwa yamejaa na kusimama, kabla hayajaanza kupwa. Pishi 3 za maji kwa pishi 1 ya chokaa hai, kisha hulazwa siku 40 chini ya majamvi yaliyoloweshwa. Udongo wake wa kujengea ni kipimo 1 cha chokaa kwa 2 vya mchanga wa pwani usiooshwa. Fundi wa dunia yetu asiige: chumvi ndani ya lipu huvuta unyevu, na ikikauka huota fuwele zinazobanjua niru, ile chokaa laini ya kumalizia ukuta, na lipu kwa pamoja.

Faida ya sikivu ni kwamba inafuata bahari. Maji yakijaa, kilichokalishwa juu yake hupungua uzito. Jicho halioni kitu, lakini ukuta unajua. Mafundi wa huko huita kuazima, kwa kuwa uzito haupotei; bahari imeushika kwa muda na itaurudisha.

Sikivu ina masharti mawili, na kisa chote kimo ndani yake. Kwanza, haisikii kwa hewa. Husikia kwa unyevu unaopanda kutoka chini ya msingi, kwenye maji ya ardhini ambayo karibu na pwani hupanda na kushuka pamoja na bahari, kama ajuavyo mwenye kisima kando ya ufuo. Unyevu huo hupanda kwa namna ya mafuta kwenye utambi: juu kunakauka, chini kunavutwa. Pili, kilichoazimwa huvuja. Toka maji yajae mpaka yajae tena ni saa 12 na dakika 25, na muda wote huo ukuta unarudishiwa uzito kidogo kidogo. Ni ndoo yenye tundu inayojazwa mara mbili kwa siku.

Jengo lenyewe

Anayeingia nyumba kongwe za Lamu au za Mji Mkongwe wa Unguja huona vyumba virefu vyembamba, upana mita 2.5 hadi 3. Boriti za mikoko ndizo zilizoamua, maana ukizidisha hapo dari hupinda. Forodha ilitaka ukumbi wa mraba wa dhiraa 14 kila upande, mita 6.4 hivi, bila nguzo katikati, kwa ajili ya kubiringisha marobota na mapipa. Kwa boriti haiwezekani. Kwa kuba inawezekana, na makuba ya Msikiti Mkuu wa Kilwa Kisiwani yanaonyesha jinsi mawe na chokaa vinavyoweza kuezeka bila boriti hata moja. Ila kuba husukuma kuta kwenda nje, na msukumo huo hudai ukuta mnene. Kiwanja cha forodha kilibanwa na gati upande mmoja na barabara upande wa pili. Kuta zilipewa dhiraa 1 tu ya unene.

Ndipo sikivu ilipoitwa. Kuta zilijengwa kwa kiziwi, zikapitishiwa mishipa 8 ya sikivu: mmoja kila kona, mmoja katikati ya kila upande, milango ikiwekwa kando. Kila mshipa una upana wa shibiri 2, umechukua unene wote wa ukuta, umeanzia dhiraa 3 chini ya sakafu, maji yalipo, na umepanda mpaka shingo ya kuba. Kuba lenyewe ni sikivu tupu, shibiri 2 shingoni na shibiri 1 utosini. Juu ya mishipa hupakwa niru nyembamba, isiyozidi unene wa ukucha, ndani na nje. Sharti hilo liliandikwa kwenye mkataba, na fundi mkuu alilisema kwa mdomo pia.

Uzito wa kuba ugawe sehemu 12. Kuta zile zinabeba sehemu 9 bila neno. Zikizidi 9 nyufa hufunguka. Zikizidi 10 shingo huachana na ukuta. Mshipa mmoja mzima huazima sehemu 1 maji ya bamvua yakijaa, na robo tatu maji mafu yakijaa. Kabla ya maji mengine kufika huwa umevuja robo. Kwa hiyo saa mbaya kabisa ya bamvua mishipa 8 imeshika sehemu 6, kuta zinabeba 6. Saa mbaya ya maji mafu imeshika 4, kuta zinabeba 8. Imebaki sehemu 1 ya usalama. Ni ndogo, na hapo fundi mkuu ana lake la kujibu: mishipa 10 ingemgharimu chokaa ya siku 40 zaidi na ingempa sehemu nyingine 1 maji mafu. Lakini jengo lilivyokabidhiwa lilikuwa linasimama.

Jasho la ukuta

Mwaka wa kwanza masika yalikuwa mazito. Mishipa ilitoka madoa ya kijivu yaliyopanda hadi usawa wa bega, yenye ukingo mweupe wa chumvi. Madaftari ya karani yaliyoegemezwa ukutani yaliota ukungu. Mkuu wa forodha, aliyekuwa nahodha miaka mingi, alimwita fundi mkuu.

"Fundi, ukuta wako unatoka jasho."

"Acha utoke, Nahodha. Siku ukikauka ndiyo uniite."

"Chombo kinachoingiza maji hupakwa deheni."

"Chombo huyakataa maji. Nyumba hii huyanywa."

Nahodha aliona ni maneno ya fundi anayekwepa kazi. Mwishoni mwa masika aliwaleta watu wa jahazi wakapaka deheni, yaani chokaa iliyopondwa na mafuta, ileile inayopakwa chini ya jahazi lisiliwe na wadudu wa baharini na kupitisha maji. Walipaka mishipa 3 ya upande wa barabara, ndani na nje, mikono miwili, kisha wakapitisha kitambaa chenye sifa, mafuta ya papa, kikang'aa. Madoa yalikoma ndani ya wiki. Karani alifurahi.

Ukuta ule haukukauka. Ungetoboa siku zile shimo la kidole nyuma ya deheni ungekuta majimaji. Kilichokoma ni kupanda: juu hakukauki tena, basi chini hakuvutwi. Unyevu uliomo ni wa zamani, umelala, hauna habari ya bahari ya leo. Mshipa wa namna hiyo haufi siku hiyohiyo. Huendelea kuazima kwa habari ya zamani, ukipungua, na huchukua miezi 2 hivi kunyamaza kabisa. Muda huo ndio uliowadanganya wote. Kosa na matokeo yake viliachana mbali kiasi kwamba hakuna aliyeviunganisha.

Wahifadhi wa majengo ya pwani yetu wanalijua jambo hili kwa jina jingine. Ukuta wa mawe na chokaa ukipigwa lipu ya saruji ili kuficha unyevu, unyevu hauondoki. Hufungiwa ndani, hupanda juu zaidi kutafuta pa kutokea, hulegeza udongo wa chokaa, na lipu yenyewe huanguka vipande vikubwa na ngozi ya mawe. Huku kwetu ukuta huo huoza. Huko huziwika.

Ufa unaofunguka maji mafu

Miezi 2 baada ya deheni, katikati ya kusi, ufa ulionekana shingoni upande wa barabara. Hesabu inaueleza vizuri. Mishipa iliyobaki ni 5. Saa mbaya ya bamvua imeshika sehemu 3 na robo tatu, kuta zinabeba 8 na robo: kimya. Saa mbaya ya maji mafu imeshika 2 na nusu, kuta zinabeba 9 na nusu: ufa. Ufa huo basi ulifunguka maji mafu na kufunga bamvua, ukaonekana na kupotea kila wiki, na kila aliyepelekwa kuutazama siku isiyo yake alirudi akisema hakuna kitu.

Dalili hii ingetosha kuokoa jengo zima. Kipimo chake ni rahisi mno: paka tone la niru juu ya ufa, kubwa kama sarafu, andika siku kando yake, usiguse. Niru haina unyumbufu. Ukuta ukisogea unene wa unywele, tone linakatika. Ukipaka matone mawili, moja siku ya bamvua na jingine siku ya maji mafu, ukasubiri siku 15, la bamvua likikatika na la maji mafu likasagika kingo, ujue ukuta unafuata bahari na uzito unarudi kuliko inavyopasa. Ufa usiofuata bahari ni wa msingi, na hiyo ni kazi nyingine. Mafundi wa dunia yetu hufanya vivyo hivyo kwa tone la plasta ili kujua kama ufa ni mzee au bado unatembea.

Badala yake aliitwa fundi wa kupaka rangi. Aliukuta ufa ukiwa wazi, upana wa ncha ya kidole cha mwisho, akaujaza vigae na udongo wa kiziwi, akaukandamiza kwa mwiko, akasawazisha vizuri. Bamvua lililofuata ukuta ulitaka kujifunga, ukakuta kabari katikati. Shingo ilisukumwa nje. Maji mafu yakarudi, ufa mpya ukafunguka pembeni ya kabari, akaitwa tena, akajaza tena. Alifanya hivyo mara 4. Tunaambiwa usipoziba ufa utajenga ukuta. Hapa aliyeziba ndiye aliyeujengesha.

Vuli ilipoanza, mshipa wa kona ya chumba cha karani na mwenzake wa mlangoni ilipakwa deheni pia, kwa kuwa ile ya kwanza "ilipona". Ikabaki mishipa 3. Habari ya ile miwili ilipokwisha, miezi 2 baadaye, kaskazi ilikuwa imekwisha shika. Bamvua la mwandamo lilipita na kuta zikibeba sehemu 9 na robo tatu kila saa mbaya, hatari ambayo hakuna aliyeiona kwa sababu nyufa zilikuwa zimefichwa. Siku ya nane maji mafu yalishika sehemu 2 na robo yalipojaa usiku, yakavuja hadi 1 na nusu. Kuta zilitakiwa kubeba 10 na nusu.

Siku za maji mafu kwenye visiwa hivyo maji hujaa saa 4, usiku na asubuhi, na hupwa saa 10. Kuba lilianguka kati ya saa 11 na saa 12 alfajiri, maji yakiwa yanarudi. Hilo liliwachanganya waliodhani hatari ni maji kupwa. Uzito haufuati maji yanayoonekana gatini. Hufuata yaliyofika msingini, na yale ya alfajiri ile yalikuwa bado yako kwenye ngazi ya chini.

Kifusi kilisema nini

Palizuka hoja kwamba chokaa ilikuwa mbovu, haikulazwa siku 40. Hoja hiyo ilipimwa. Vipande vya udongo wa kila mshipa, vya ukubwa wa kokwa ya embe, vilitiwa kwenye sinia pana la maji ya bahari bamvua lililofuata. Sikivu iliyo hai, maji yakijaa, hutambaa taratibu kuelekea upande wa bahari mpaka igonge ukingo wa sinia. Vipande vya mishipa 3 isiyopakwa vyote viligonga. Vya ile 5 vilikaa palepale vilipowekwa, na juu ya maji kukatanda utando mwembamba wa mafuta wenye rangi za upinde wa mvua, ukinuka papa. Chokaa ilikuwa nzuri.

Kabari za yule fundi wa rangi zilikutwa zimeng'ang'ania shingoni, nzima, vigae havijavunjika. Je, ndizo zilizoangusha? Hesabu ya 10 na nusu inaonyesha kwamba kuba lingeanguka hata bila hizo. Zilichofanya ni kuchagua upande: kifusi kingi kilitoka nje, barabarani, badala ya kushuka ukumbini. Lingekuwa jua la saa sita, soko limejaa, kisa hiki kingeandikwa kwa namna nyingine.

Kujenga upya

Deheni haikwanguliki. Mafuta yamekwisha ingia kwenye vinyweleo vya udongo, na kukwangua uso kunaondoa mng'ao tu. Mishipa 5 ilichimbwa yote, unene mzima wa ukuta, dhiraa 2 kwa mara moja kutoka juu kwenda chini, kila pengo likishikiliwa kwa magogo. Kuchimba mishipa miwili kwa wakati mmoja ni marufuku, hata kama kuba halipo, kwa sababu kuta za dhiraa 1 hazijisimamii zikiwa na matundu mawili upande mmoja. Udongo mpya wa sikivu ulijazwa kuanzia chini, tabaka za shibiri 1, kila tabaka likipigwa maji kupwa na kuachwa lijaliwe mara mbili kabla ya lingine. Mishipa 2 iliongezwa upande wa barabara, ikawa 10.

Kuba jipya lilijengwa juu ya kiunzi cha mbao kilichojazwa udongo na kusawazishwa kwa kamba iliyofungwa katikati ya sakafu, ili kila jiwe liwe mbali sawasawa na kitovu. Mawe ya zamani hayakurudishwa. Yalikwenda kwenye baraza. Jiwe la utosi liliwekwa bamvua, maji yakiwa yamejaa na kusimama, jengo likiwa jepesi kuliko litakavyokuwa siku nyingine yoyote. Kosa la kawaida hapa ni kuvuta kiunzi siku hiyohiyo kwa furaha. Kiunzi kilibaki mpaka maji mafu mawili yapite, kikalegezwa kwa kugonga kabari zake za chini, upana wa kidole kimoja kila siku, matone ya niru yakitazamwa asubuhi na jioni. Tone moja lilikatika, kona ya kaskazini, siku ya tatu. Kazi ilisimama mpaka bamvua lifike, kisha ikaendelea, na halikukatika tena.

Kuhusu jasho, palifanywa mambo matatu. Niru hupakwa upya kila mwaka baada ya masika, mkono mmoja mwembamba, ile ya zamani ikisuguliwa kwanza kwa kifumbu kikavu ili tabaka zisijilundike zikawa deheni ya namna nyingine. Mbele ya kila mshipa sakafuni ulichorwa mstari mwekundu dhiraa 1 kutoka ukutani, na robota haliruhusiwi kuuvuka. Na meza ya karani ilisogezwa hadi katikati ya ukumbi, chini ya utosi wa kuba, mahali ambapo mwanzoni hakutaka kabisa kukaa. Bamvua la nne baada ya ujenzi, mishipa yote 10 ilikuwa imetoka doa hadi usawa wa kitasa cha mlango.